Daraja la Victoria Falls: makaa ya mawe, korongo, na barabara iliyopenyezwa kando ya reli

Daraja linalovuka Mto Zambezi chini ya maporomoko ya Mosi-oa-Tunya, mpakani mwa Zambia na Zimbabwe, lina hadithi moja inayosimuliwa kila mahali: kwamba Cecil Rhodes, tajiri na mkoloni wa Kiingereza, aliagiza lijengwe pale ili treni zikipita zirushiwe manyunyu ya maji. Ni kweli Rhodes alitaka hivyo. Lakini alifariki Machi 1902 bila kuyaona maporomoko yenyewe, na kazi ya kuvuka korongo ilianza miaka miwili baadaye. Anayetaka kuelewa kwa nini daraja liko pale, kwa nini ni upinde mmoja usio na nguzo hata moja majini, na kwa nini malori hulivuka kwa masharti, ayaweke manyunyu pembeni kwanza. Aanze na makaa ya mawe.

Reli iliyofuata makaa

Reli iliyotoka Cape, Afrika Kusini, ilifika Bulawayo mwaka 1897. Mpango wa awali ulikuwa iendelee kaskazini na kuvuka Zambezi mbali sana na maporomoko, huko chini upande wa Kariba. Kilichoigeuza njia ni makaa ya mawe ya Wankie, leo Hwange, kaskazini-magharibi mwa Bulawayo. Injini za treni za wakati ule zilikula makaa, na migodi nayo ilikula makaa. Kampuni ya reli iliyo na akiba ya makaa kandokando ya njia yake ina nishati ya kuendeshea treni zake na ina mzigo wa kubeba, yote mawili kwa pamoja. Reli ikafika Wankie mwaka 1903, na kutoka hapo maporomoko hayakuwa mbali tena. Treni ya kwanza ilifika kwenye maporomoko Aprili 1904.

Kabla ya hapo watu na mizigo walivuka kilomita chache juu ya maporomoko, kwenye kivuko kilichokuja kuitwa Old Drift. Pale mto umetulia na mitumbwi ilipita bila taabu kubwa, lakini eneo ni la chini, lenye kinamasi, na malaria iliua walowezi wengi. Kivuko kilitosha kwa mikokoteni. Hakikutosha kwa reli.

Swali la wahandisi likawa: tuvuke juu ya maporomoko au chini yake? Juu, mto umetanuka. Pale unapoangukia, ukingo wa maporomoko una upana wa takribani mita 1,700. Daraja la huko lingehitaji safu ndefu ya nguzo zilizosimikwa kwenye mkondo unaopanda na kushuka kila mwaka, na kila nguzo ni kazi ya kuzuia maji, kuchimba msingi na kumwaga zege kabla mafuriko hayajarudi. Chini ya maporomoko mambo ni kinyume kabisa: maji yote yamebanwa ndani ya korongo la mwamba wa basalti lenye kuta zilizosimama wima. Ni kina kirefu, lakini ni upana mdogo. Mita 156.5 tu kutoka msingi hadi msingi. Hesabu hiyo peke yake inatosha kuelekeza daraja kwenye korongo la pili, karibu na bwawa la maji yanayozunguka linaloitwa Boiling Pot. Kwamba treni zingepata manyunyu ilikuwa nyongeza, tena nyongeza yenye gharama, kama itakavyoonekana kwenye habari ya kutu.

Nani alilichora

Hapa pana mkanganyiko wa pili. Maandishi mengi yanampa sifa Ralph Freeman, mhandisi anayejulikana kwa Daraja la Bandari ya Sydney. Aliyelichora ni George Andrew Hobson wa kampuni ya ushauri ya Sir Douglas Fox na Washirika. Freeman alikuwa msaidizi kijana ndani ya kampuni hiyo hiyo, akipiga kwa mkono hesabu za nguvu zinazopita katika kila kipande. Kazi hiyo si ndogo, maana upinde wa aina hii una vipande vingi na kila kimoja kina mvutano au mgandamizo wake. Lakini si sawa na kubuni daraja. Huenda kosa hili limeota mizizi kwa sababu Freeman baadaye alihusika na madaraja mengine ya ukanda huo, likiwemo la Birchenough kwenye Mto Save (1935) na la Otto Beit pale Chirundu kwenye Zambezi hiyo hiyo (1939). Jina kubwa huvuta kazi za watu wengine.

Kandarasi ya kujenga ilikwenda kwa Cleveland Bridge ya Darlington, Uingereza, na msimamizi wa kazi pale korongoni alikuwa Mfaransa, Georges Imbault. Gharama iliyotajwa ni pauni 72,000.

Upinde unafanyaje kazi

Daraja lina urefu wa mita 198 kwa jumla. Katikati ni upinde mmoja wa mita 156.5, na kila upande kuna kipande kifupi cha kuunganisha upinde na ukingo. Sakafu iko takribani mita 128 juu ya maji ya kiangazi.

Upinde ukibebeshwa mzigo hutaka kutanuka miguu. Kitu pekee kinachouzuia ni kile kilichokaa nyuma ya miguu yake, na hapa ni kuta za korongo. Kwa hiyo daraja hili halilali tu juu ya mwamba; linausukuma mwamba kwa pembeni, saa zote, hata pasipo na treni. Basalti ni mwamba mgumu unaofaa kazi hiyo, mradi msingi umefika kwenye mwamba mzima badala ya vifusi vilivyojishikiza ukutani.

Chini kabisa, pale miguu inapogusa msingi, kuna pini kubwa za chuma zinazofanya kazi kama bawaba za mlango. Jua likipiga, chuma hurefuka na upinde huinuka kidogo katikati. Usiku husinyaa na kushuka. Pini huuruhusu mguu kuzunguka kidogo bila kuukunja. Bila hizo, kila asubuhi na kila jioni chuma kingekuwa kinajipinda kwenye msingi, na vitu vinavyopindwa mara nyingi hupasuka.

Jambo jingine linaloonekana ukilitazama daraja kwa mbele: mbavu zake mbili kubwa hazikusimama wima. Zimeachana zaidi chini kuliko juu. Korongo ni njia ya upepo, na daraja jembamba lililo juu kiasi hicho lisingekuwa salama bila miguu iliyopanuliwa.

Kujenga bila kusimamisha jukwaa

Kwa kawaida upinde hujengwa juu ya jukwaa la muda linaloushikilia mpaka umekamilika. Pale korongoni jukwaa lingetakiwa kuwa na kimo cha zaidi ya mita 100, likisimama ndani ya mkondo mkali. Haikuwezekana. Njia iliyobaki ni kujenga kila nusu kutoka ukingo wake, ikining'inia hewani, mpaka zikutane katikati.

Kazi ya kwanza ilikuwa kupeleka uzi ng'ambo. Roketi ilirusha uzi mwembamba kuvuka korongo. Uzi ukavuta kamba, kamba ikavuta waya, waya ukavuta kebo nene. Juu ya kebo hiyo, yenye urefu wa takribani mita 265, wakaweka toroli la umeme lenye uwezo wa kubeba tani 10. Ndilo lililovusha vyuma vya nusu ya kaskazini. Ndilo pia lililovusha reli na mataruma, ili ujenzi wa njia ya kuelekea Kalomo, mji ulioko kaskazini zaidi, uendelee ng'ambo kabla daraja halijakamilika. Hata kichwa kidogo cha treni kilichoitwa Jack Tar kilifunguliwa vipande vipande, kikavushwa kwa kebo, kikaungwa tena upande wa pili.

Vyuma vyenyewe vilikuwa vimekwisha kuunganishwa mara moja kiwandani Darlington ili kuhakikisha matundu yanalingana, kisha vikafunguliwa, vikasafirishwa kwa meli hadi Beira na kwa reli hadi korongoni. Hatua hiyo inaonekana kama kupoteza muda. Ukweli ni kwamba tundu lililokosewa kwa milimita tano hurekebishwa kiwandani kwa saa moja. Mita 120 juu ya mto, kosa hilo hilo husimamisha kikosi kizima.

Kila nusu ilifungwa nyuma kwa kamba za waya zilizopitishwa kwenye mashimo yaliyochimbwa ndani ya mwamba wa ukingo, na juu yake zikarundikwa reli kuongeza uzito. Kadiri nusu inavyorefuka ndivyo inavyotaka kupinduka kuelekea korongoni, na kadiri inavyotaka kupinduka ndivyo kamba zinavyokaza. Winchi ilitembea juu ya sehemu iliyokwisha kufungwa, ikashusha kipande kinachofuata mbele yake, kikafungwa kwa bolti za muda, kisha kwa riveti.

Riveti inahitaji maelezo, maana ndiyo inayolishikilia daraja. Ni msumari mnene wenye kichwa upande mmoja. Hupashwa moto mpaka uwe mwekundu, hupenyezwa kwenye matundu yaliyolingana, mtu mmoja hukandamiza kichwa kwa chuma kizito, na mwingine hugonga mkia mpaka ujikunje na kuwa kichwa cha pili. Ikipoa, husinyaa na kubana mabamba kwa nguvu. Riveti iliyogongwa ikiwa imeshaanza kupoa haijazi tundu. Inabaki ikicheza, maji huingia, na kutu huanzia ndani mahali ambapo jicho halifiki. Mkaguzi huigonga kwa nyundo ndogo akiwa ameweka kidole upande wa pili: iliyokaza hutoa mlio mkali, iliyolegea hutikisika chini ya kidole. Siku hizi riveti iliyoharibika kwenye madaraja ya aina hii kwa kawaida hutolewa na kuwekwa bolti yenye nguvu kubwa, kwa kuwa mafundi wa riveti wamebaki wachache.

Wavu wa usalama ulitandazwa chini ya wafanyakazi. Inasimuliwa kwamba waliugomea, wakisema kuuona kunawakumbusha kuanguka.

Jioni ya tarehe 31 Machi 1905 nusu mbili zilikaribia kukutana, lakini hazikuingia: vyuma vilipandana kwa takribani sentimita 3. Hakuna aliyekosea hesabu. Chuma hurefuka kwa sehemu 12 kati ya milioni moja za urefu wake kwa kila digrii moja ya joto. Zidisha na mita 156.5, unapata karibu milimita 1.9 kwa digrii. Chuma kilichoshinda juani kikiwa na digrii 15 zaidi ya ubaridi wa alfajiri kitakuwa kimerefuka milimita 28, na ndizo hizo. Wakaacha usiku ufanye kazi. Asubuhi ya tarehe 1 Aprili vipande viliingia mahali pake. Tangu dakika hiyo kamba za nyuma zikaweza kulegezwa, kwa sababu kila nusu ilipata nusu mwenzake wa kuegemea.

Daraja lilifunguliwa rasmi tarehe 12 Septemba 1905 na Profesa George Darwin, mtoto wa Charles Darwin, aliyekuwa rais wa Jumuiya ya Uingereza ya Maendeleo ya Sayansi.

Barabara ilikuja baadaye

Daraja hili halikujengwa kwa ajili ya magari. Lilikuwa la reli mbili, za upana wa milimita 1,067, na gari halikuwa na njia yake. Kati ya 1929 na 1930 sakafu yote ilifumuliwa, ikainuliwa na kupanuliwa, reli moja ikaondolewa, na barabara ikapata nafasi. Ndivyo ilivyo hadi leo: reli moja, barabara nyembamba, na njia za miguu pembeni.

Wengi hushangaa: kama linabeba treni, lori litalidhuru nini? Jibu liko kwenye namna mzigo unavyofika kwenye upinde. Treni hukaa kwenye njia yake, huenda polepole, na uzito wake umegawanywa kwenye ekseli nyingi zilizopangwa. Lori halina mstari maalumu. Likiingia kwenye kiungo cha sakafu kilichochakaa hudunda, na mdundo huo huongeza uzito juu ya uzito. Halafu mzigo hauko katikati ya daraja, kwa hiyo ubavu mmoja hubeba zaidi ya mwenzake. Zaidi ya hayo kuna idadi. Treni chache kwa siku ni kitu kimoja. Foleni ya malori kuanzia asubuhi hadi jioni ni kitu kingine kabisa, kwa sababu chuma huchoka kwa kurudiwarudiwa, hata kama hakuna mzigo mmoja uliovuka kiwango. Vinavyochoka kwanza kwa kawaida si mbavu kubwa za upinde. Ni mihimili midogo ya chini ya sakafu, inayopokea kila gurudumu moja kwa moja.

Ndiyo maana kulikuwa na kipindi malori yaliwekewa kikomo cha tani 30 huku treni zikivuka kwa mwendo wa chini ya mtu anayetembea. Lori la kanda hii likijaa hufikia tani 56, kwa hiyo kikomo hicho kiliwafungia wengi, wakazunguka kupitia Chirundu au kivuko cha Kazungula. Mwaka 2006 matengenezo yalifanyika na kikomo kikapandishwa.

Na hapo ndipo manyunyu yanarudi kudai chao. Mto ukijaa, kuanzia Februari hadi Mei hivi, wingu la maji hulowesha chuma mchana na usiku. Maji haya si ya chumvi, na hilo ndilo lililoliokoa daraja; pwani lisingefika miaka 100 likiwa hivi. Lakini unyevu unaokaa kwenye pembe ambako mabamba mawili yanakutana haukauki, uchafu na majani hujikusanya hapo, rangi hubanduka kwanza hapo, na kutu inayojijenga katikati ya mabamba huvimba mpaka ikayatenganisha. Kupaka rangi juu ya kutu ya namna hiyo ni kuificha tu. Hukwanguliwa mpaka chuma kionekane, hukaushwa, hupakwa rangi ya msingi, ndipo rangi ya juu ifuate. Na kazi hiyo hufaa ifanywe miezi ya kiangazi, kati ya Septemba na Novemba, mto ukiwa chini.

Daraja lililofungwa na reli iliyozaliwa Dar es Salaam

Kwa msomaji wa Afrika Mashariki, sehemu hii inamgusa karibu zaidi. Kwa zaidi ya miaka 50 shaba ya Zambia ilishuka kusini juu ya daraja hili na makaa ya Wankie yakapanda kaskazini. Zambia haikuwa na njia nyingine ya maana. Ian Smith, waziri mkuu wa serikali ya walowezi, alipojitangazia uhuru wa Rhodesia (leo Zimbabwe) mwaka 1965, shingo ya uchumi wa Zambia ilikuwa mkononi mwake. Shirika la pamoja la reli likagawanywa mwaka 1967, kila nchi na lake.

Dawa ilitafutwa Dar es Salaam. Bomba la mafuta la TAZAMA lilianza kazi mwaka 1968. Reli ya TAZARA, kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi, ilijengwa kwa msaada wa China kati ya 1970 na 1975. Upana wake ulichaguliwa uwe milimita 1,067, sawa na reli ya daraja hili na si sawa na reli ya kati ya Tanzania yenye mita moja, ili behewa la Zambia lipite bila kupakuliwa mzigo.

Januari 1973 Smith alifunga mpaka, akaacha shaba pekee ipite. Rais Kenneth Kaunda wa Zambia alikataa upendeleo huo, na hata Smith alipofungua tena, Zambia ikabaki imefunga. Tarehe 26 Agosti 1975 behewa la treni liliegeshwa katikati ya daraja kwa ajili ya mazungumzo, Smith na watu wake upande wao, wapigania uhuru Abel Muzorewa, Joshua Nkomo na wenzao upande wa Zambia, huku Kaunda na waziri mkuu John Vorster wa Afrika Kusini wakiwa wapatanishi. Mazungumzo yalivunjika siku hiyo hiyo. Mwezi huo huo vita vya Angola viliifunga reli ya Benguela, njia ya Zambia ya kufikia bahari ya Atlantiki, mzigo wote ukaelemea Dar es Salaam, bandari ikajaa, na Oktoba 1978 Kaunda akalazimika kufungua njia ya kusini. Mbolea ya msimu ilikuwa inahitajika na haikuwa na pengine pa kupitia.

Tangu tarehe 10 Mei 2021 kuna Daraja la Kazungula, mita 923, linalounganisha Zambia na Botswana moja kwa moja. Malori mengi ya masafa marefu sasa hupita huko, na daraja la 1905 limepumua. Linalobaki ni magari ya kati ya Livingstone na mji wa Victoria Falls, treni, wachuuzi wa miguu, na watalii, wakiwemo wanaoruka mita 111 wakiwa wamefungwa kamba miguuni. Anayetaka kulitazama tu bila kuingia nchi ya pili huomba kibali cha darajani kwa maofisa wa uhamiaji, upande wowote. Miguu ya upinde haionekani vizuri ukiwa juu yake. Upande wa Zambia, njia inayoshuka Boiling Pot ndiyo inayokufikisha mahali pa kuutazama upinde kutoka chini. Ni mteremko wa mawe yanayoteleza, na mto ukijaa hufungwa.